Hofu ya Mtendaji Mkuu: aambiwe nani, nini, na kwa maneno gani

Pangani77 (mleta uzi)

Wakuu, habari za wakati huu.

Nimeleta uzi kwa walioko kwenye kiti cha juu na wanaofanya kazi jirani nacho: wakurugenzi watendaji, wenyeviti wa bodi, makatibu wa kampuni, watu wa utumishi, wakaguzi wa ndani. Mada ni hofu, ile inayomtoa Mtendaji Mkuu usingizini saa tisa usiku: mishahara ya mwisho wa mwezi, mkopo unaoiva Septemba, bodi iliyoanza kunong'ona, mradi ambao kila meneja anasema unakwenda vizuri wakati hesabu zake hazikai sawa.

Msimamo wangu nautoa mapema. Hofu nyingi za kiti kile ni taarifa, kwa hiyo kuzinyamazisha ni hasara. Zipelekwe kwa mtu anayehusika, zikiwa zimeandikwa kwa namna ambayo mtu anaweza kuzifanyia kazi. Zikikosa njia hiyo zinashuka ngazi zikiwa ukali, na huko chini zinageuka ripoti nzuri nzuri. Bosi anayegonga meza huletewa habari za kumtuliza.

Nokia walilipa gharama hiyo. Watafiti Timo Vuori na Quy Huy waliwahoji viongozi, mameneja wa kati na wahandisi wa kampuni ile, wakachapisha matokeo 2016. Wakubwa waliwaogopa washindani na wanahisa, mameneja wa kati waliwaogopa wakubwa. Aliyejua kwamba Symbian, mfumo uliokuwa ukiendesha simu zao, haifui dafu mbele ya iPhone alipunguza makali ya habari kabla ya kuipandisha, aliyeipokea naye akapunguza tena, na ilipofika juu ilikuwa maji ya uvuguvugu. Juu wakaamini muda upo. Mwaka 2013 walikubali kuiuzia Microsoft biashara ya simu.

Sasa kazi ya kuchambua. Kaa na karatasi, andika kila hofu kwa sentensi yenye vipande vitatu: tukio, tarehe, ushahidi. Mfano: "Naogopa tutashindwa kulipa rejesho la Septemba 30, kwa sababu wateja watatu wanaobeba asilimia 60 ya madeni tunayodai wamepitisha siku 90." Vipande vyote vipo. Hicho ni kihatarishi, mahali pake ni rejista ya vihatarishi, kikiwa na jina la anayekisimamia na tarehe ya kurudi kukiangalia.

Ya pili: "Naogopa bodi itagundua kwamba sijui ninachofanya." Haina tarehe wala ushahidi. Hii ilielezwa kitaalamu na Pauline Clance na Suzanne Imes mwaka 1978, walipoandika kuhusu wanawake waliofanikiwa ambao ndani yao waliamini kwamba wamewahadaa watu. Wanaume nao wanayo. Haiendi kwenye bodi, haiendi kwenye menejimenti. Inakwenda kwa kocha, kwa mtaalamu wa saikolojia, kwa mwenza, au kwa watendaji wenzako wa nje ya kampuni.

Ya tatu ndiyo ya hatari: "Naogopa mkuu wa fedha anaficha kitu, kwa sababu ripoti zimechelewa miezi miwili mfululizo." Ushahidi upo nusu. Ukiitamka ni tuhuma kwa mtu. Hii inatafutiwa uthibitisho kwanza, kimya kimya, kupitia mkaguzi wa ndani.

Wengi wanazichanganya. Ya pili wanaimwaga kwenye kikao cha menejimenti na ya kwanza wanalala nayo, kwa hiyo ofisi nzima inajua bosi hajiamini na hakuna anayejua kuna rejesho la Septemba.

Karibuni tujadili.

---

DadaUtumishi

Asante kwa uzi, mkuu. Niingie kwenye kufunguka mbele ya wafanyakazi, maana semina nyingi za uongozi zinawahimiza mabosi waonyeshe ubinadamu bila kuwapa kipimo.

Kipimo kipo tangu 1966, kwenye jaribio la Elliot Aronson na wenzake. Wanafunzi walisikilizishwa kanda ya mtu anayejibu maswali ya chemshabongo. Aliyejibu karibu yote sawasawa, halafu akajimwagia kahawa, alipendwa zaidi kuliko mwenye majibu hayohayo ambaye hakumwaga. Aliyejibu vibaya akamwaga kahawa ileile, alipendwa pungufu. Kukiri udhaifu kunamjenga mtu ambaye uwezo wake umeshaonekana. Asiye na rekodi, kunamshusha.

Kwa hiyo bosi mgeni asianze kwa kukiri. Miezi mitatu ya mwanzo aonyeshe mikono: mafaili yaliyokwama yasainiwe, madai ya wafanyakazi yaliyolala yajibiwe hata kama jibu ni "hapana", mshahara utoke tarehe iliyosemwa. Akisema baada ya hapo, "Upande wa teknolojia sina ujuzi, namtegemea fulani," watu watamsikiliza kama mtu mkweli.

Mfano wa kuangaliwa kwa makini ni video ya Arne Sorenson, Mtendaji Mkuu wa Marriott, Machi 2020. Hoteli zilikuwa zinafungwa dunia nzima. Yeye alikuwa kwenye matibabu ya saratani ya kongosho, nywele zimepukutika. Alilitaja suala la kipara mwanzoni kabisa, akasema ni matokeo ya matibabu na kwamba anajisikia vizuri, akalifunga. Dakika zilizobaki zilikuwa za wafanyakazi. Akawaambia kwamba katika masoko mengi biashara imeshuka kwa asilimia 75 hivi chini ya kawaida. Akasema yeye na mwenyekiti Bill Marriott hawatachukua mshahara kwa mwaka uliobaki, na viongozi wa juu watakatwa nusu. Sauti ilimtetereka mwishoni, alipozungumzia kuwaaga watu wanaopoteza kazi bila kosa lao. Alifariki Februari 2021.

Angalieni mpangilio wake. Habari ya mwili wake imechukua sehemu ndogo, na imetangulia ili watu waache kukodolea macho kichwa chake. Ubaya umetajwa kwa namba. Na kabla hajawaomba watu waumie, ametaja maumivu yake kwa kiasi cha fedha. Kufunguka bila hicho cha mwisho wafanyakazi wanakusoma haraka sana.

Maneno ya kutumia siku ya habari mbaya ni haya, kwa mpangilio huu: tunachojua; tusichojua bado; tunachofanya kuanzia leo; siku na saa mtakayosikia tena kutoka kwangu. Dakika sita zinatosha. Hicho kipengele cha nne ndicho kinachosahaulika na ndicho kinachotuliza watu zaidi. Ukisema Ijumaa saa nne, Ijumaa saa nne usimame pale hata kama huna jipya, useme huna jipya.

Yanayoharibu: kuahidi kwamba hakuna atakayepunguzwa wakati hesabu haijafungwa. Kusema "sisi ni familia" halafu barua za kupunguza kazi zinatoka mwezi unaofuata. Na kuwatangulizia wakuu wa idara watano kwenye WhatsApp usiku, maana asubuhi ile picha ya ujumbe imeshafika kwa madereva na walinzi.

---

Mkaguzi_wa_Zamu

Mleta uzi kagusa ripoti nzuri nzuri, nishike hapo.

Kikao kinachofundishwa sana kwenye hili ni cha Ford, Dearborn. Alan Mulally aliingia Septemba 2006 akitokea Boeing. Akaweka kikao kimoja kila Alhamisi, wakuu wote, kila mmoja anaonyesha chati zake kwa rangi: kijani iko sawa, njano kuna wasiwasi lakini kuna mpango, nyekundu imekwama. Simu marufuku, kunong'onezana pembeni marufuku, utani wa kumdhalilisha mtu marufuku. Wiki za mwanzo chati zote zikawa kijani, katika kampuni iliyofunga mwaka ule kwa hasara ya zaidi ya dola bilioni 12. Akawauliza kama kweli hakuna chochote kisichokwenda sawa.

Aliyethubutu ni Mark Fields, mkuu wa Amerika. Gari jipya la Edge lilikuwa linatoka kiwanda cha Oakville, Kanada, likaonekana na hitilafu, akasimamisha uzinduzi na kuweka nyekundu. Chumba kikanyamaza. Wenzake walijua ndiyo mwisho wake. Mulally akapiga makofi, akamshukuru kwa kuweka wazi, akauliza nani anaweza kumsaidia. Mmoja akaahidi wahandisi, mwingine akataja gari ambalo liliwahi kuwa na tatizo linalofanana. Kikao kilichofuata watu walikuja kuangalia kama Fields bado ana kiti. Alikuwepo. Baada ya hapo ndipo rangi nyingine zilipoanza kujitokeza kwenye chati za wengine. Fields mwenyewe alikuja kuwa Mtendaji Mkuu wa Ford mwaka 2014.

Watu wanakumbuka makofi tu. Kilichofanya kazi ni vitu vitatu vilivyokuja baada yake: swali la "nani anaweza kusaidia" liliulizwa palepale mbele ya wote, suluhisho halikujadiliwa kikaoni, lilipelekwa kwenye kikao kingine kidogo, na mtu yule alionekana salama kikao kilichofuata. Bosi akipiga makofi Alhamisi na kumhamisha mtu Jumatatu, hiyo nyekundu ni ya mwisho atakayoiona.

Kwa ofisi zetu naongeza tahadhari ya maandishi. Watu wanaogopa nyekundu kwa sababu inaingia kwenye kumbukumbu za kikao na mkaguzi ataikuta. Ukweli wa kazi yetu ni kinyume chake. Tatizo lililoandikwa lenye tarehe, hatua na jina la anayefuatilia, tukilikuta tunaliandika kama jambo lililo kwenye usimamizi. Tatizo lilelile tukilichimbua wenyewe, bila karatasi yoyote inayoonyesha menejimenti ilijua, hiyo ni hoja kamili, na swali la kwanza ni nani alificha. Katibu wa kikao aandike mstari mmoja kwa kila nyekundu: nini, tangu lini, nani, lini tunarudi. Asiandike nani alimlaumu nani.

---

Kijana_wa_Mipango

Shikamooni wakubwa. Swali kwa mkuu Mkaguzi. Je, bosi akiweka rangi hizo, akaahidi usalama, na miezi miwili bado kila kitu ni kijani?

---

Mkaguzi_wa_Zamu

Marahaba. Basi rangi zinachaguliwa kwa hisia. Ziwekewe vizingiti kabla ya kikao, mtu asiwe na nafasi ya kuchagua. Kwa mradi: kuchelewa hadi siku 7 ni njano, zaidi ya hapo nyekundu. Kwa bajeti: kupitiliza asilimia 5 njano, 10 nyekundu. Madeni yaliyopita siku 90, nyekundu moja kwa moja. Namba hizi mnazipanga wenyewe kulingana na biashara, ilimradi zipangwe siku tulivu na mkuu wa fedha aweke rangi kutoka kwenye mfumo.

Halafu bosi aanze na yake. Chati ya kwanza kwenye ukuta iwe ya ofisi ya Mtendaji Mkuu, na iwe na nyekundu ya kweli: mkataba aliokuwa ausaini yeye umechelewa wiki tatu. Asitafute nyekundu ya maonyesho, watu wataiona.

---

Mzee wa Bodi

Nimesoma kwa furaha. Nizungumzie mlango wa mwenyekiti, kwa sababu hapo ndipo watendaji wengi wanapopotea.

Kanuni ya bodi yoyote ni kwamba mwenyekiti asishtukizwe. Jambo baya lisikutwe kwenye kabrasha la kikao. Liletwe kwa mdomo siku ile ile lilipothibitika, halafu karatasi moja, ukurasa mmoja. Juu: kilichotokea, kwa sentensi mbili. Kisha: kiasi cha fedha kilicho hatarini, kwa makadirio ya chini na ya juu. Kisha: hatua zilizokwisha kuchukuliwa. Mwisho: uamuzi unaohitajika kutoka kwa bodi, au maneno "kwa taarifa tu". Mtendaji aliyejaa hofu huandika kurasa kumi na mbili, na ubaya unaukuta ukurasa wa tisa.

Sentensi ambayo mwenyekiti mzuri anaisubiri ni hii: "Mwenyekiti, sina uhakika na hili, na uamuzi unatakiwa ifikapo Jumatano. Nimeona njia mbili, naelekea ya kwanza, kinachonitia wasiwasi ni hiki." Huyo ni mtu anayeogopa na anaongoza. Anayesema "Nifanyeje?" bila njia hata moja anaikabidhi bodi kazi yake, na bodi itaichukua, na kuirudisha ni vigumu.

Wenyeviti nao tujiulize tunavyopokea. Ukijibu habari mbaya kwa "Kwa nini hukuniambia mapema?", wakati ndiyo kwanza anakuambia, umefunga mlango. Jibu la kwanza liwe "Asante, unahitaji nini kutoka kwangu?" Maswali ya uwajibikaji yana siku yake na hayapotei.

Suala la afya nalo. António Horta-Osório aliingia Lloyds ya Uingereza Machi 2011, benki ikiwa hoi baada ya msukosuko wa fedha. Novemba mwaka huo akasimama kazi kwa ushauri wa daktari, mwili umechoka na usingizi umekata. Hisa zilishuka habari ilipotoka. Bodi haikumrudisha kwa maneno yake mwenyewe, ilitaka maoni huru ya kitabibu kwanza, akarudi Januari 2012. Bonasi yake ya mwaka ule aliikataa. Aliiongoza benki hadi 2021, na humo ndani benki ikaweka mafunzo ya afya ya akili kwa viongozi wake.

Funzo la kiutendaji kwa bodi: kaimu awe ameandikwa kwa jina kabla ya ugonjwa, na mamlaka yake ya kusaini yawe yameshapelekwa benki. Pale ambapo anayesaini hundi ni mmoja tu, hofu ya Mtendaji ya kuugua ni halali kabisa. Barua ya wasaini mbadala inamtibu zaidi kuliko maneno ya faraja.

---

Baraza_Nairobi

Nashukuru, Mzee. Kwa wasomaji wa Kenya mfano wa karibu ni Bob Collymore wa Safaricom. Alienda likizo ya matibabu mwishoni mwa 2017, kampuni ikatangaza rasmi, akarudi Julai 2018 na baadaye akaeleza hadharani kuhusu saratani ya damu aliyokuwa akitibiwa. Alipofariki Julai 1, 2019, bodi ilimweka Michael Joseph, aliyemtangulia kwenye kiti, kama mkuu wa muda ndani ya siku chache. Wahenga walisema mficha maradhi kilio humfichua, na kwa kampuni kubwa kilio hicho husikika kwenye bei ya hisa.

Kuna jambo ambalo watu wa uongozi hawalitaji na linaweza kumpeleka mtu mahakamani. Kampuni ikiwa kwenye soko la hisa, hofu ya Afisa Mkuu Mtendaji kuhusu faida ni habari ya ndani. Akimfungukia rafiki kwamba nusu mwaka huu ni mbaya, na rafiki akauza hisa, hapo kuna kesi. Sheria za Kenya zinataka kampuni iliyoorodheshwa itoe tangazo la tahadhari pindi faida ya mwaka inapotarajiwa kushuka kwa asilimia 25 au zaidi ikilinganishwa na mwaka uliotangulia. Kwa hiyo utaratibu ni mkuu wa fedha, kamati ya ukaguzi, bodi, wakili, tangazo, kisha wafanyakazi. Moyo utulizwe kwa kocha aliyesaini mkataba wa siri, tena bila kutaja namba.

---

Mtumishi_Mkongwe

Wakuu, nawaheshimu, ila yote haya ni ya kampuni binafsi. Kwenye shirika la umma Tanzania, Mkurugenzi Mkuu akisema "sina uhakika" kikao cha asubuhi, mchana iko wizarani na jioni iko mtandaoni. Tangu mwishoni mwa 2015 neno kutumbuliwa, yaani kuondolewa kazini ghafla, limewakaa watu moyoni. Mteuzi yuko juu ya bodi. Kufunguka huko ni kujichimbia kaburi.

---

Pangani77

Hoja yako ni nzito, mkuu, na siipunguzi. Mkurugenzi wa shirika la umma ana wakubwa wengi: bodi, wizara mama, Msajili wa Hazina anayesimamia mashirika ya umma kwa niaba ya serikali, na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali (CAG) anayekuja kila mwaka. Kila mmoja anaweza kusikia toleo tofauti la habari moja, na hapo ndipo watu wanapoponzwa. Kinachomwangusha mtu mara nyingi ni tofauti ya matoleo: bodi imeambiwa mradi umechelewa miezi miwili, wizara imeambiwa uko kwenye ratiba.

Kwa hiyo ule ukurasa mmoja wa Mzee wa Bodi, huko upelekwe kwa maneno yaleyale: kwa mwenyekiti, nakala kwa Katibu Mkuu wa wizara kwa utaratibu wa barua, ukiwa na kumbukumbu namba na muhuri wa kupokelewa. Usiandike hisia. Neno "naogopa" libaki kwenye daftari lako, kwenye barua liwe "kuna uwezekano wa" likifuatiwa na tarehe na kiasi. Hujadanganya mtu, na hakuna wa kukata maneno yako nusu. Siku ya kuhojiwa, barua yenye tarehe ya kabla ya tatizo kulipuka ndiyo inayokusemea.

Kufunguka kwa moyo kunabaki kwa watu wawili watatu wa nje ya shirika. Hapo nakubaliana na wewe kabisa.

---

DadaUtumishi

Mkuu Mkongwe amenikumbusha zoezi moja linalofaa sana mahali pa uoga, kwa sababu linamruhusu mtu kusema ubaya bila kumkosoa mkubwa. Gary Klein alilieleza mwaka 2007: mnaufanyia mradi uchunguzi wa maiti ungali hai.

Inahitaji dakika 40 na watu wasiozidi 12. Mradi uwe umeshapangwa lakini haujaanza. Msimamizi, asiwe bosi, anasema: "Leo ni Desemba mwaka kesho. Mradi umekufa kabisa. Andikeni kwa nini umekufa." Dakika tano kila mtu anaandika kimya kimya, sababu moja kwa kila kadi. Neno "umekufa" ndilo linalofanya kazi. Ukiuliza "Kuna hatari gani?" watajibu kwa adabu, na ukiwaambia umeshakufa wanaanza kuwa wajuaji.

Hapa kwetu desturi ya kutoa kadi moja moja kwa mdomo, mzunguko, inakwama. Kijana aliyeamkia "shikamoo" asubuhi hawezi mchana kusema mradi wa mkubwa wake umekufa kwa sababu mkubwa hakusaini malipo. Kadi zikusanywe zichanganywe, msimamizi asome zote kwa sauti moja. Ziandikwe kwa herufi kubwa, maana miandiko inajulikana. Bosi asichangie mpaka kadi ya mwisho isomwe, na asiulize "Hii ni ya nani?" hata kama inauma. Kisha zinapangwa mafungu, mnachagua tatu au nne zinazoweza kuzuilika, kila moja inapata mtu wa kuifuatilia na tarehe.

Linaharibika likifanywa siku ambayo mkataba umeshasainiwa na fedha zimeshatoka. Hapo watu wameshajua hakuna kitakachobadilika.

---

Kisima_2

Niongeze upande wa mwili na watu wa pembeni, kwa ufupi.

Mabosi wengi wanaodhani wana hasira wana hofu. Kabla ya kuingia kikaoni jiambie kwa neno: "Nina hofu ya kuaibika mbele ya fulani." Matthew Lieberman na wenzake wa UCLA walionyesha mwaka 2007 kwamba kulitaja hisia kwa jina lake kunapunguza msisimko wa sehemu ya ubongo inayohusika na hofu.

Usingizi: utafiti wa Williamson na Feyer wa mwaka 2000 ulikuta kwamba mtu aliyekaa macho saa 17 hadi 19 hufanya kazi sawa na, au vibaya kuliko, mwenye kilevi cha asilimia 0.05 kwenye damu. Aliyeamka saa kumi alfajiri, saa tatu usiku asisaini mkataba wala asimjibu mwenyekiti. Andika jibu, liache kama rasimu, litume asubuhi.

Kundi la watendaji wenzako: mtindo unaotumika na YPO, mtandao wa watendaji wakuu ulioanzishwa Marekani mwaka 1950, ni watu wanane hadi kumi, kila mwezi, milango imefungwa. Kusiwe na washindani wa kibiashara, wala mtu anayekuuzia au kununua kwako, wala benki yako. Anayesikiliza haruhusiwi kutoa ushauri wa "ungefanya hivi", anasimulia tu yeye alipokutana na jambo kama hilo alifanya nini. Ushauri unamfanya mtu ajitetee, na akianza kujitetea hafunguki tena. Msiliweke kundi hilo kwenye WhatsApp zaidi ya kupanga tarehe na mahali.

---

Kijana_wa_Mipango

Wakubwa, mniwie radhi, nina la mwisho. Tuseme kampuni binafsi, watu 80, fedha za mishahara zimebaki za wiki tatu. Mkurugenzi anaogopa akisema watu wataondoka, na akinyamaza wataumbuka wote. Aanzie wapi?

---

Pangani77

Aanzie kwenye hesabu, kabla ya mtu yeyote. Mtiririko wa fedha wa wiki 13, wiki kwa wiki: kinachoingia kwa uhakika pekee, kinachotoka chote. Kazi ya siku mbili na mhasibu mmoja. Mara nyingi hofu ya "tumekwisha" inageuka "wiki ya nne tunapungukiwa milioni 46", na kiasi kinachojulikana kinatafutika.

Siku ya tatu, mwenyekiti au wanahisa. Siku ya nne, benki, kabla ya kukosa rejesho; benki inampa nafasi anayekuja mapema. Siku hiyohiyo apigiwe kila mteja mwenye deni kubwa, apigiwe na Mkurugenzi mwenyewe, asimwachie karani.

---

DadaUtumishi

Na wiki hiyo hiyo wafanyakazi, wasingoje tetesi. "Mshahara wa mwezi huu upo. Wa mwezi ujao haujakamilika, tunatafuta kiasi kilichopungua, na Ijumaa saa nne nitasimama hapa kuwaambia tulipofika. Ikibidi kuchelewesha, tutaanza na mimi na wakuu wa idara." Wachache wataondoka kweli. Wangeondoka kwa tetesi pia, tena kwa wingi zaidi.

---

Mkaguzi_wa_Zamu

Kijana, na moja ambalo hofu huwafanya wengi walikosee. Asilipe mishahara kwa fedha ya PAYE (kodi inayokatwa kwenye mishahara) na makato ya hifadhi ya jamii. PAYE kwa Tanzania inadaiwa ifikapo tarehe 7 ya mwezi unaofuata, Kenya tarehe 9. Inaonekana kama mkopo usio na maswali, kisha adhabu na riba zinaanza kupanda juu ya pengo ambalo tayari lilikuwepo. Kama malipo yatamshinda, aende mamlaka ya mapato (kwa Tanzania ni TRA) kwa barua kabla ya tarehe hiyo, akiwa na ule mtiririko wa wiki 13 mkononi, aombe kulipa kwa awamu.